Siku ya Tatu, Omba Jembe

Kijana mmoja wa Tigania, mhudumu wa duka la dawa mjini Embu, aliugua homa ya matumbo akalala chumbani mwake siku nne. Kanisa analosali lina viti zaidi ya elfu moja, kamera tatu na kwaya ya vijana wenye sare. Alikuwa amesali humo miaka miwili bila kukosa Jumapili. Katika siku zile nne simu yake ilipokea ujumbe mmoja tu kutoka kanisani, nao ulitumwa kwa waumini wote: nambari ya kutumia fungu la kumi imebadilika. Aliyebisha mlango alikuwa mama mboga wa pale kwenye kona, aliyekuwa akimdai shilingi 60. Mama hakuficha kwamba amefuata pesa zake. Alipoona hali ya mdeni wake aliondoka bila neno, akarudi baada ya saa moja na uji kwenye chupa ya chai na ndimu mbili.

Kijana alipopata nafuu alinijia na swali ambalo vijana wengi huniuliza: "Mwalimu, dini ya kweli ni ipi?" Nikamwuliza kama ameshamlipa yule mama. Akacheka, akidhani namkwepa.

Sikuwa namkwepa, ila nilimjibu kwa ufupi mno. Haya ni majibu yale yale kwa urefu wake, kwa yeyote anayeishi huku kwetu, kati ya Mto Rupingazi na milima ya Nyambene, ambaye siku zake zimejaa shughuli na moyo wake hauna mahali pa kuketi.

Uhaba wa nyumba za ibada hatuna. Panda matatu Embu asubuhi, upite Runyenjes, Chuka, Chogoria na Nkubu hadi Meru mjini, ukihesabu vibao vya makanisa kando ya barabara. Utachoka kabla ya kuvuka Mto Thuci. Katika sensa ya 2019, Wakenya zaidi ya 85 katika kila 100 walijiandikisha kuwa Wakristo, 11 hivi Waislamu, na waliosema hawana dini kabisa hawakufika 2. Kwa hesabu hiyo mpweke wa kiroho huku mlimani angetafutwa kwa tochi. Mimi nakutana nao kila wiki: nesi wa zamu ya usiku, mwanafunzi wa chuo kikuu pale Nchiru, mjane aliyeletwa mjini na mwanawe akaachwa ndani na televisheni, mwenye shamba kubwa la majani chai ambaye hana mtu wa kumwambia kwamba halali usiku.

Baadhi yao walipotea wakati wa korona. Serikali ilifunga ibada Machi 2020, na ilipoziruhusu tena Julai iliweka masharti: watu wasizidi 100, ibada isizidi saa moja, walio chini ya miaka 13 na waliopita 58 wabaki nyumbani. Sababu za kiafya zilieleweka. Lakini angalia waliobaki nje. Bibi wa benchi ya mbele, yule anayejua nani ana mimba, nani amekonda na nani hajaonekana tangu mwezi uliopita, ndiye aliyekuwa daftari la mahudhurio la kanisa zima. Milango ilipofunguliwa kabisa, wengine walikuwa wameshazoea kutazama ibada kwenye simu huku wakiosha vyombo. Wengine wakaondoka baadaye kwa hasira, hasa mwaka 2024, vijana walipochoka kuona wanasiasa wakimimina pesa madhabahuni na wachungaji wakizipokea kwa makofi. Siwalaumu hata kidogo. Ila aliyeondoka kwa hasira ameondoka na kiu yake.

Sasa tuangalie waliotutangulia, maana walikuwa na mbinu zao.

Wazee wa Ameru husimulia kwamba kabila lilitoka Mbwaa, mahali penye maji makubwa, ambapo wanahistoria wengine hupahusisha na visiwa vya pwani upande wa Manda. Huko walitawaliwa na Nguo Ntune, wavaa nguo nyekundu, mpaka Koomenjwe alipowaongoza kutoroka na kuvuka maji. Waliovuka usiku wakaitwa njiru, weusi. Waliovuka alfajiri wakaitwa ndune, wekundu. Waliovuka jua limekwisha kutoka wakaitwa njeru, weupe. Koo zikagawanyika hivyo. Simulizi hii naipenda kwa jambo moja: haimwulizi mtu alihisi nini moyoni. Inamwuliza alivuka saa ngapi na nani alikuwa ubavuni mwake majini.

Juu ya koo, yaani mwiriga kwa Wameru na muviriga kwa Waembu, kulikuwa na rika, nthuki, waliotahiriwa pamoja na kuzeeka pamoja. Kisha kulikuwa na kitu ambacho nadhani vijana wa leo wangekifaidi kuliko mahubiri mengi, nacho ni gichiaro. Ukoo mmoja ulifungamana na ukoo mwingine, mara nyingi wa mbali, kama baina ya Watharaka na watu wa Igembe na Tigania, kwa agano zito kama la damu. Mwenzako wa gichiaro humdanganyi, humdhuru, humwoi, na akija kwako kuomba humnyimi. Adhabu ilikuwa laana, na laana hiyo iliogopwa kuliko jela. Huenda hukuwahi kumwona mtu huyo, huenda hata humpendi. Akitokea mlangoni na vumbi la safari akataja ukoo wake, mbuzi anatafutwa.

Sisi wa leo tumejifunza kutafuta watu tunaowapenda kwanza, kisha, tukiona inafaa, tuwajibike kwao. Gichiaro ilianza na wajibu, na upendo ukifuata ulifuata kwa mwendo wake. Mimi naona wazee ndio waliopatia.

Nisije nikakuuzia zamani kama asali tupu. Mwaka 1956 Njuri Ncheke, baraza la wazee wa Ameru, lilipiga marufuku ukeketaji wa wasichana, likisukumwa na wakoloni na wamishonari. Wasichana wengi waligoma. Walinunua nyembe wakakeketana wenyewe vichakani, wakapewa jina la Ngaitana, yaani nitajitahiri mwenyewe. Katika miaka mitatu iliyofuata, maelfu ya watu walifikishwa mbele ya mahakama za Kiafrika kwa kosa hilo. Kwa nini binti ashike wembe ilhali wazee wenyewe wamemwachilia? Sababu zilikuwa nyingi, na mojawapo naielewa vizuri sana: bila tohara hakuwa na rika, na bila rika hakuwa mtu mzima machoni pa yeyote. Njaa ya kuwa miongoni mwa watu ilishinda maumivu. Kumbuka hilo kila unapomcheka mtu aliyetapeliwa na nabii.

Miaka 40 baadaye, mwaka 1996, familia chache za Gatunga huko Tharaka, zikishirikiana na shirika la Maendeleo ya Wanawake, zilianzisha Ntanira na Mugambo, tohara kwa maneno. Wasichana walikaa faraghani kwa wiki, wakafundishwa na wanawake wakubwa wao, wakatoka kwa nyimbo, zawadi na karamu mbele ya kijiji kizima. Kila kitu kilibaki isipokuwa kisu. Makanisa kadhaa ya Meru yamefuata njia kama hiyo, na sheria ya mwaka 2011 ikaja kuharamisha ukeketaji nchini kote. Akina mama wale wa Gatunga hawakusema mila yote ni giza, wala hawakusema mila yote ni takatifu. Walikaa chini wakatenga chungu na sumu iliyokuwa ndani yake. Nawe ukirudi kwenye imani ya wazazi wako, au ukiingia mpya, kazi hiyo hakuna atakayekufanyia.

Sasa nije kwenye ushauri wenyewe.

Waswahili walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Methali hii hutumika kumkejeli mgeni asiyejua kuondoka. Mimi naisoma kutoka upande wa mgeni. Siku mbili za kwanza unakirimiwa, unapewa kiti kizuri, unapigiwa makofi ukisimama kujitambulisha. Siku ya tatu, kama hujapewa jembe, bado u mgeni, na unaweza kubaki mgeni miaka kumi katika benchi lile lile. Basi usingoje kupewa. Liombe.

Nilijifunza hili kwa bahati. Nilipohamishiwa shule moja upande wa Runyenjes nilisali mwaka mzima nikikaa nyuma, nikitoka wimbo wa mwisho ukiimbwa. Sikuwa na ugomvi na mtu, wala sikuwa na mtu. Jumapili moja mzee wa kanisa aliyekuwa na maumivu ya mgongo alinikabidhi ufunguo wa stoo ya viti vya plastiki akaniomba nimshikie kwa wiki mbili. Hakuudai tena. Usiku wa Alhamisi, saa tatu, nikabishiwa mlango: kumetokea msiba kwa fulani, viti vinahitajika. Usiku mwingine harusi ya asubuhi, usiku mwingine tena mkesha. Ndani ya miezi mitatu nilijua njia za vichochoro vyote, kwa sababu viti lazima vifuatiliwe, na watu wa huku wakipata viti vizuri hawana haraka ya kuvirudisha. Mahubiri mengi niliyasahau. Lakini sikumbuki tena kujiuliza maisha yangu yana maana gani, pengine kwa sababu nilikuwa nahesabu viti.

Kwa hiyo, kabla ya kuuliza wanaamini nini, nenda katikati ya wiki. Jumapili kila kanisa ni zuri. Nenda Jumatano au Alhamisi, mara tatu, mahali panapokutana watu kumi au kumi na watano. Wakatoliki wana jumuiya ndogo ndogo ambazo maaskofu wa Afrika Mashariki walizipa kipaumbele miaka ya 1970. Katika nchi ya Agikuyu wengine huziita mwaki, na Kiembu nacho hutumia neno hilo hilo: moto, kwa kukumbuka enzi ambapo moto wako ukizimika ulitoka na kigae kuomba kaa kwa jirani. Waanglikana wa Embu wana ushirika wa Uamsho, vuguvugu lililoanzia Gahini, Rwanda, na kufika Kenya miaka ya 1930. Ndugu wale huketi kwa duara na kila mmoja, askofu akiwepo na mpika chai pia, huungama mbele ya wenzake yaliyomshinda wiki hiyo. Hilo wao huliita kutembea nuruni. Kuna wanaoona ni ushamba. Mimi nimeona mwalimu mkuu akilia mbele ya wauza maziwa, na sidhani kuna daktari wa akili ambaye angempa nafuu ile kwa shilingi yoyote. Wamethodisti, Wapresbiteri na makanisa ya Kipentekoste wana vikundi vya nyumbani vya aina hiyo. Kwa Waislamu wa Majengo, Embu na Meru pia, jambo ni jepesi zaidi: anayesali jamaa msikitini mara tano kwa siku akikosekana alfajiri, adhuhuri wameshaanza kuulizana.

Katika ziara hizo tatu usitoe pesa. Hili nalisisitiza, hata wakikuonyesha bahasha. Tazama nani anaosha vikombe na nani haoshi kamwe. Sikiliza wanavyomtaja mwenzao ambaye hayupo. Kisha fanya jaribio dogo: usiende mara ya nne. Mtu akikupigia simu, au akituma mtoto kuuliza, umepafikia. Rudi, omba kazi, na iwe kazi ya mikono. Usikubali haraka cheo cha mwenyekiti au mweka hazina. Vyeo huwapa watu adui kabla hawajapata rafiki.

Usipuuze misiba. Kwetu huku mazishi ndiyo shule ya dini iliyobaki bila karo. Siku hizi kundi la WhatsApp linafunguliwa kabla mwili haujafika mochari, na kila mtu anatuma mia mbili au elfu kwa M-Pesa, jina lake linaandikwa, anashukuriwa kwa mikono miwili ya manjano. Tuma, ni vizuri, jeneza halinunuliwi kwa machozi. Lakini nenda pia ukamenye viazi. Aliyekaa usiku mmoja kwenye moto wa matanga Kianjokoma au Kiritiri, akisikiliza wazee wakimtania marehemu, ameonja jambo ambalo kundi la simu halina namna ya kulituma.

Nyinyi wanaume nawaongezea neno, kwa kuwa vikundi vingi nilivyotaja vimejaa kina mama. Mtasema mna ushirika wenu: kahawa, bao, kiti cha baa, na huko Maua kuketi pamoja alasiri mkitafuna miraa. Siwadharau waketi wa miraa. Mazungumzo niliyoyasikia pale yameshinda semina nyingi. Tatizo la baraza lile ni kwamba halimdai mtu chochote. Ukikosekana, watagawana fungu lako na hadithi itaendelea. Jipimeni kwa hapo. Kama kuna mmoja katika wenzako ambaye angeinuka aje akutazame, huyo ni rika lako, mshike.

Kuna maonyo, nayo sitayazungusha. Mwaka 2023 msitu wa Shakahola, Kilifi, ulifukuliwa miili zaidi ya 400 ya watu waliofuata mahubiri ya kufunga hadi kufa. Walitoka sehemu nyingi za nchi, wengine wakiwa na kazi na elimu. Baada ya hapo Rais aliunda jopo la kutazama upya sheria za mashirika ya kidini, akamteua kuliongoza mchungaji tunayemjua vizuri huku, Mutava Musyimi, aliyewahi kuwa mbunge wa Gachoka na baadaye Mbeere Kusini. Sheria zina kazi yake. Lakini aliyeingia Shakahola hakuingia kwa kukosa sheria. Aliingia kwa sababu mtu fulani alimjua jina, akamwita ndugu, akampa kipande cha ardhi na wajibu. Alipewa jembe. Ndiyo maana ushauri wangu wa kwanza ni wa hatari ukiuchukua peke yake.

Lipime jembe unalopewa. Je, linakukaribisha kwa watu wako wa zamani, au linakutenga nao? Kikundi kinachokutaka umwache mama yako, umtoe mtoto shuleni, uuze shamba au usikanyage hospitali kinakuchimbia shimo, hata kama nyimbo zake zinakutoa machozi. Tharaka na sehemu za Meru tuna dhehebu la Kavonokia, ambalo wafuasi wake hukataa dawa na chanjo. Jina hilo lina mzizi mmoja na neno ambalo ndugu wa Uamsho hulitumia kwa wokovu. Neno moja, na mmoja anampeleka mwenziwe hospitali kwa bodaboda usiku, mwingine anaacha mtoto afe kwa surua. Mtu mzima ana haki ya kukataa kidonge chake. Mtoto hajachagua, na sheria inamlinda. Ukijua mtoto anayenyimwa matibabu, mwambie chifu, hata kama mzazi ni rafiki yako wa sala.

Uliza pia: nani anaweza kumwuliza kiongozi swali la pesa na akaendelea kusalimiwa? Na walioondoka, wanasemwaje? Jamii yenye afya humhuzunikia aliyeondoka, na akirudi humtengea kiti. Yenye ugonjwa humlaani.

Kuna mtu anasoma haya akijua kwamba haamini tena, au hana uhakika, na hataki kusimama kanisani akitikisa midomo tu. Usijilazimishe. Mungu wa kweli hahitaji kuigiziwa, na Murungu wa babu zetu wa Meru aliombwa kwa sauti za wazee, si kwa kila mtu kutunga imani yake peke yake. Profesa John Mbiti, kasisi wa Kianglikana mzaliwa wa Kitui, ng'ambo ya Tana kutoka Mbeere, alieleza katika kitabu chake cha mwaka 1969 kwamba kwa Mwafrika dini haikuwa chumba kimoja cha nyumba, ilikuwa nyumba yote, na mtu hakuwa mtu nje ya watu wake. Amekosolewa kwa kuwapima Waafrika wote kwa kipimo kimoja, na wakosoaji wana hoja. Ila kwa wasioamini ana faida hii: ukishindwa kuingilia mlango wa mafundisho, ingia kwa mlango wa mfereji. Kamati ya maji ya kijiji, chama cha ushirika wa kahawa, walinzi wa kisitu kitakatifu kama Giitune kule Imenti, kwaya inayohitaji sauti ya besi. Fanya kazi na watu wale miaka mitatu. Siahidi kwamba imani itarudi. Nimeona ikirudi kwa wengine, na kwa wengine haikurudi, na hao wa pili nao walizikwa na umati.

Vijana wengine sasa wanapanda kuomba wakielekea Kirimaara, ndivyo Wameru wanavyouita Mlima Kenya, au wanakwenda chini ya mti wa mugumo, wakitafuta dini ya mababu. Hilo naliheshimu, kwa sharti moja. Babu hakwenda kwenye mugumo peke yake na simu ya kujipiga picha. Alikwenda na wazee, na mwanakondoo, na shida ya kijiji: mvua imekataa, tauni imeingia. Ukipanda kwa shida yako peke yako utateremka nayo.

Na upweke nao una nafasi yake. Nisieleweke kwamba mtu akae na watu saa zote. Kila siku pata nusu saa ya kimya kabla simu haijawashwa. Soma Zaburi, shika tasbihi, au kaa tu mlangoni ukitazama ukungu ukipanda kutoka bondeni. Redio zetu, Muuga FM kwa Kimeru na Wimwaro FM kwa Kiembu, hufariji watu wengi, hasa wazee wanaoishi peke yao, na mtangazaji anayejua kusalimu ni baraka. Mpe mama yako redio. Halafu umtafutie na jirani wa kumbishia mlango, maana redio itaendelea kuimba hata siku ambayo hajaamka.

Kama unaishi Nairobi au Doha na nyumbani ni Chogoria, usidanganyike kwamba jamii yako iko kijijini ikikungoja Desemba. Kijiji kinakupenda, na kimezoea kutokuwepo kwako. Tafuta jembe hapo ulipo, leo, na ukija Desemba usilete soda tu. Uliza nani alikuzikia shangazi, ukampelekee shukrani nyumbani kwake.

Turudi kwa kijana wa duka la dawa. Alilipa zile shilingi 60 wiki ile ile. Mama mboga yuko katika chama cha wanawake 14 wa sokoni wanaochanga kila Alhamisi jioni, na katibu wao alikuwa amehamia Siakago na daftari likabaki bila mwandishi. Wakamwomba kijana, kwa kuwa anaandika vizuri na hesabu za dawa zimemfunza uangalifu. Yeye si mwanachama, na hawezi kuwa, maana chama ni cha kina mama. Anakaa kwenye kreti ya soda, anaandika, anapewa chai na nduma, wanamaliza kwa sala ambayo kila Alhamisi huongozwa na mmoja wa dhehebu tofauti: Mkatoliki, mama wa AIPCA, Mwislamu wa Majengo, Mkurinu mwenye kilemba cheupe. Bado anasali kanisa lake lile lile la kamera tatu. Sikumshauri alihame, ila sasa amejiunga na kikundi chao cha mtaani, ambacho kumbe kilikuwepo miaka yote miwili na hakuwahi kukiulizia.

Mwezi uliopita kulikuwa na ukaguzi wa dawa dukani, naye akazima simu akachelewa Alhamisi. Alipoiwasha saa kumi na mbili na nusu alikuta simu saba ambazo hazikupokelewa, na mama mboga alikuwa tayari njiani kumfuata na uji.